Ndege Isiyorudi: Safari ya Shahed-136

Mwishoni mwa Julai 2021 meli ya mafuta iitwayo Mercer Street ilikuwa imeng'oa nanga Dar es Salaam, matangi yake matupu, ikielekea Fujairah. Ilipofika mbele ya pwani ya Oman ikashambuliwa kutoka angani. Droni mbili za mwanzo ziliikosa. Ya tatu ilipasua chumba cha usukani na kuua watu wawili, nahodha Mromania na mlinzi Mwingereza. Wachunguzi wa Marekani walikusanya vipande na kusema ni droni ya Iran yenye mabawa ya pembetatu. Iran ilikanusha. Jina la Shahed-136 wakati huo lilikuwa midomoni mwa wataalamu wachache. Mwaka mmoja na ushei baadaye, hata watoto wa Kyiv walikuwa wakiutambua mlio wake.

Wazo lenyewe lina zaidi ya karne. Mwaka 1918, huko Dayton, Ohio, mhandisi Charles Kettering alilitengenezea jeshi la Marekani kijindege cha mbao kilichobeba baruti. Ndani yake kulikuwa na kifaa kinachohesabu mizunguko ya injini. Hesabu ikitimia, injini inazimika, mabawa yanachomoka, na kiwiliwili kinaporomoka na mzigo wake. Vita vya Kwanza vya Dunia viliisha kabla hakijatumika. Wajerumani walilifufua wazo hilo kwa nguvu zaidi kwa kombora la V-1, lililoanza kuangukia London tarehe 13 Juni 1944. Miezi minne baadaye, katika mapigano ya Ghuba ya Leyte, Ufilipino, Wajapani waliamua kwamba usukani bora ni binadamu mwenyewe, wakawaamuru marubani wao wajigonge kwenye manowari. Ndio makamikaze ambao droni hizi zimerithi jina lao.

Kilichozaa droni ya kujilipua tunayoijua leo ni rada. Katika vita vya Oktoba 1973 makombora ya Kisovieti yaliyokuwa mikononi mwa Misri na Syria yalitungua ndege nyingi za Israel, na makombora hayo yaliongozwa na rada. Wahandisi wakajiuliza: kwa nini tumpeleke rubani kuitafuta rada, wakati rada yenyewe inajitangaza kila inapowashwa? Kampuni ya Dornier ya Ujerumani Magharibi ilibuni droni ndogo yenye mabawa ya pembetatu kwa kazi hiyo, ambayo haikufika vitani. Israel ikatengeneza Harpy, iliyoelea juu ya eneo la adui saa kadhaa ikisubiri mawimbi ya rada, kisha ikayafuata hadi chanzoni. Mdogo wake, Harop, aliongezewa kamera ili mtu aliye mbali achague shabaha. Azerbaijan iliitumia katika eneo la Nagorno-Karabakh mwaka 2016, na tena katika vita vya siku 44 mwaka 2020, ilipopiga mitambo ya ulinzi wa anga ya Armenia.

Harop ni chombo cha mwenye fedha. Iran ilikuwa na shida ya aina nyingine. Jeshi lake la anga lilibaki na ndege za F-4 na F-14 alizonunua mfalme wake, Shah, kabla ya mapinduzi ya 1979, na vikwazo viliifungia mlango wa kununua mpya. Ikajenga makombora, ikajenga droni, na kwenye droni ikakubali jambo ambalo majeshi tajiri hayakulikubali: chombo dhaifu, cha polepole, chenye kelele, mradi kiwe rahisi kutengeneza.

Shahed-136 ya asili ina urefu wa mita tatu na nusu hivi na uzito wa kilo 200. Inarushwa kutoka kwenye fremu iliyofungwa juu ya lori, ikisukumwa na roketi ndogo inayodondoka mara tu injini inaposhika. Injini hiyo ni ya silinda nne, nakala ya Limbach ya Ujerumani iliyobuniwa kwa vyombo vidogo visivyo na rubani. Spidi yake ni kilomita 180 na kitu kwa saa, polepole kuliko ndege nyingi za Vita vya Pili vya Dunia. Puani imebeba kilo 40 hadi 50 za mlipuko. Haimtafuti mtu wala gari: viwianishi vya shabaha huingizwa kabla ya safari, na setilaiti huielekeza hadi mwisho. Kwa hiyo shabaha yake ni vitu visivyohama, kama vituo vya umeme, maghala na majengo ya ghorofa wanamolala watu.

Kisha Urusi ikaipata kutoka Iran kwa ajili ya vita vyake nchini Ukraine. Mabaki yake ya kwanza huko yalionekana Septemba 2022 karibu na Kupiansk, yakiwa na jina jipya la Kirusi, Geran-2. Tarehe 17 Oktoba zikaangukia katikati ya Kyiv asubuhi watu wakienda kazini. Waukraine waliipachika jina la mopedi, na mtu wa Mwanza au Kampala angeusikia mlio wake angesema ni bodaboda inayopanda mlima usiku.

Kwa maoni yangu, silaha hii haikubadilisha vita kwa ufundi. Ilivibadilisha kwa hesabu ya fedha. Makadirio mengi huiweka Shahed kati ya dola 20,000 na 50,000, wakati kombora moja la kisasa la ulinzi wa anga la Patriot hugharimu dola milioni 4 hivi. Anayejilinda anaweza kutungua kila kinachokuja na bado akafilisika. Ndiyo maana Ukraine ilirudi kwenye vitu vilivyodhaniwa vimepitwa na wakati: mizinga ya Gepard ambayo jeshi la Ujerumani lilikwisha kuistaafisha, bunduki za rashasha juu ya pikapu, taa za kumulika angani. Ikasimika pia maelfu ya maikrofoni juu ya milingoti, zisikilize mlio na kuufuatilia. Sasa inazifukuza Shahed kwa droni nyingine za bei ndogo. Marekani nayo, baada ya kuichunguza Shahed, imetengeneza inayofanana nayo, LUCAS, na Desemba 2025 ikatangaza kikosi chake Mashariki ya Kati. Iran iliiga injini ya Ujerumani, na Marekani ikamwiga Mwirani.

Lakini bei ndogo ina watu wanaoibeba. Urusi ilihamishia utengenezaji katika eneo la viwanda la Alabuga, Tatarstan. Oktoba 2024 shirika la habari la Associated Press lilieleza jinsi wasichana wapatao 200 kutoka Uganda, Kenya, Rwanda, Sudan Kusini na nchi nyingine walivyofikishwa huko. Mitandaoni walikuwa wameona matangazo ya masomo pamoja na kazi za hoteli na mapishi, tiketi ya ndege bure. Baadhi walijikuta wakiunganisha droni, wakilalamikia zamu ndefu na kemikali zinazowasha ngozi.

Tarehe 2 Aprili 2024 Ukraine iligeuza ndege nyepesi ya abiria wawili kuwa droni, ikairusha zaidi ya kilomita 1,000 hadi Alabuga. Iliangukia hosteli ya wafanyakazi na wanafunzi. Watu zaidi ya kumi walijeruhiwa, Waafrika wakiwemo. Kiwanda hakikusimama. Usiku wa kuamkia 7 Septemba 2025, kwa hesabu ya Ukraine, Urusi ilirusha droni 810 kwa mkupuo mmoja, za kujilipua pamoja na za bandia zilizotengenezwa makusudi ili Waukraine wamalize risasi na makombora yao.