Tarehe ya Kivuko cha Busisi na Mafundi Wake

Kila mtu husema Kigongo–Busisi, Kigongo mbele na Busisi nyuma, hata vijana wa Sengerema wanaamini kivuko kilianzia Misungwi, upande wa Kigongo. Si kweli. Kilianzia kwetu Uzinza, upande wa Busisi, na walioanzisha safari ni wenye chuma na wenye mitumbwi.

Wenye chuma ni Warongo. Hao ndio waliyeyusha mawe katika misitu ya Uzinza wakafua majembe ambayo Usukuma yote iliyataka, kwa kulimia na kwa kuolea. Jembe halina miguu. Wazee wa Busisi wanasema lilivushwa pale Ghuba ya Mwanza ya Ziwa Victoria inapobana, kwa mtumbwi uliochongwa na Mzinza, na ng'ombe na nafaka vikarudi kwa mtumbwi uleule. Msukuma alikuwa mnunuzi, na mnunuzi hawezi kuitwa mwanzilishi wa njia.

Mtumbwi wa kwanza ulikuwa gogo lililochimbwa. Baadaye zikaja mbao, na hapo ndipo fundi anapojulikana. Hulaza mkuku kwanza, akasimamisha mataruma, kisha akapanda na mbao kutoka chini kwenda juu. Kazi ngumu ni kalafati: huchukua pamba, husokota uzi mnene kama kidole, huusukuma ndani ya kila mwanya wa mbao kwa patasi butu na nyundo, pigo dogo dogo, akisikiliza. Mlio ndio humwambia kama mwanya umeshiba. Kama bado, anarudia. Mtumbwi hautiwi rangi kabla fundi hajaridhika na mlio huo.

Tarehe za maandishi za pande hizi zilikuja baadaye. Mapadre Weupe walifika Bukumbi mwaka 1883. Mackay wa misheni ya Kiingereza alifariki Usambiro mwaka 1890. Wilaya ya Sengerema ilikatwa kutoka Geita mwaka 1975.

Kabla ya kufika kwenye vivuko vya chuma, lazima niseme juu ya ziwa lenyewe, maana nalo linajenga. Mafunjo yakikatika ukingoni huondoka na udongo wake na ndege wake, kisiwa kizima kikaelea na upepo, leo kiko hapa, kesho hakipo. Wavuvi wa ghuba hii wanavijua. Gugumaji nalo limetutesa tangu lilipoingia ziwani, na mwanzoni mwa 2025 gugu jipya, salvinia, lilitanda njia ya Busisi hata vivuko vyenye injini vikasota. Chuma kizima kushindwa na jani linaloelea! Anayedharau elimu ya wazee kuhusu upepo na majani hajawahi kukwama katikati ya ghuba.

Turudi kwenye vivuko. Vimepita MV Sengerema, MV Misungwi na MV Mwanza. Hiki cha mwisho kiliundwa na Songoro Marine, kampuni ya papa hapa Mwanza, kikibeba abiria 1,000 na magari 36. Nakumbusha hilo kwa sababu wengi hudhani chombo kikubwa lazima kitoke ng'ambo. Hata hivyo kuvuka maji kulichukua zaidi ya nusu saa, na foleni ilimeza saa mbili au tatu, mgonjwa akiwa ndani ya gari.

Ndipo Rais Magufuli akaweka jiwe la msingi la daraja la kuunganisha Kigongo na Busisi, Desemba 2019. Wakandarasi wa Kichina wakalijenga, urefu wake kilomita 3, upana mita 28.45. Magufuli alifariki Machi 2021 kabla halijaisha, na Rais Samia Suluhu Hassan akalizindua tarehe 19 Juni 2025. Sasa gari linavuka kwa dakika chache, na daraja lina jina la J.P. Magufuli. Jina hilo amelistahili.

Lakini ufundi wa kuelea haujafa. Angalia vizimba vya samaki katika maji ya Sengerema na Buchosa: fremu juu ya maboya, nyavu chini, nanga pembeni, sato wakilelewa humo. Mvuvi anayefunga fremu hiyo lazima ajue wimbi litapiga upande gani, elimu ileile ya mwenye mtumbwi.

Kwa hiyo naamua hivi: daraja ni la taifa, jina ni la Magufuli, ila njia ni ya Uzinza. Atakayeandika tarehe ya mahali hapa baada yangu aandike Busisi kwanza, Kigongo baadaye.