Liki ya Babington

Liki ya Babington ni mmea adimu wa jamii ya kitunguu, unaoota porini kusini-magharibi mwa Uingereza, hasa Cornwall, na magharibi mwa Ireland. Umepewa jina la Charles Cardale Babington, mtaalamu wa mimea wa Cambridge. Bua lake hukaribia mita 2, na kileleni hubeba vitunguu vidogo vinavyopandwa kabla ya baridi. Mkulima awe na subira, kwani mmea hukomaa baada ya miaka kadhaa. Kwa kuwa ni adimu, mmea wa porini using'olewe. Majani hunyauka wakati wa joto. Mwishoni mwa baridi shina huvunwa kwa kukatwa juu ya ardhi, tunguu likaachwa lichipue tena mwaka hadi mwaka. Shina hilo lina ladha ya liki yenye ukali wa kitunguu saumu, na hunoga sana kwenye supu ya viazi.