Mji Uliojengwa Juu ya Makaa

Darasani tulikariri kwamba makaa ya mawe husafirishwa kwa treni na meli. Nilipokwenda Australia kikazi niliyakuta ya Yallourn, jimbo la Victoria, hayafai kupelekwa mbali: zaidi ya nusu ya uzito wake ni maji. Ndiyo maana Tume ya Umeme ya jimbo hilo, chini ya Sir John Monash, ilijenga mtambo kando ya machimbo ya wazi, na mwaka 1924 umeme ukafika Melbourne. Wafanyakazi walijengewa mji wenye bustani, mzuri kweli. Lakini chini yake nako kulikuwa na makaa. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 mji ulikuwa umekwisha kubomolewa. Tukiwa ukingoni mwa shimo, mzee mwenyeji wangu alinyoosha kidole hewani kunionyesha ilipokuwa shule yake.