Mti Kabla ya Paa

Anayetafuta monasteri ya Kibudha nchini Tanzania atakwenda Upanga, Dar es Salaam, kwenye hekalu lililoanzishwa na Wasinhala wa Sri Lanka mwanzoni mwa karne ya 20. Pale moyo wa mahali ni mti wa bodhi, majani yake ya umbo la moyo yakiishia ncha ndefu. Usanifu wa Kibudha ulianzia kwenye miti. Wafuasi wa kwanza wa Buddha walitangatanga, wakitulia miezi mitatu ya mvua, na makao yao ya mwanzo yalikuwa bustani, kama msitu wa mianzi waliopewa na mfalme Bimbisara. Mawe yalifuata baadaye.

Ikiwa mahali patakatifu panaweza kutangulia kuta, basi nakataa pia historia ya mkoa wa Mara inayohesabu kuta tu, kana kwamba Serengeti ilianza na ngome ya Wajerumani ya Ikoma. Makabila ya huko, Wanata, Waikoma na Wangoreme, yana emisambwa: chemchemi, vilima na vichaka ambako wazee hutambikia mizimu. Mtu atapinga ulinganisho huu, akisema kwamba monasteri ina watawa, kanuni na masomo. Ni kweli, na sidai kwamba kichaka ni monasteri. Lakini kina ukoo unaokitunza, miiko na masimulizi yanayorithishwa, na hayo ndiyo yanayofanya mahali pawe patakatifu, hata pasipo tofali. Baadhi ya emisambwa imebaki ndani ya Hifadhi ya Serengeti, iliyotangazwa mwaka 1951, na wazee hawaifikii kwa uhuru wa zamani. Emisambwa iingizwe kwenye ramani za urithi wa taifa, pamoja na ngome.