Aibu ya Ukoo Kwenye Skrini, Kutoka Bombay Hadi Ng'ambo

Raj Kapoor alitoa filamu ya Awaara mwaka 1951, nayo ilipofika Unguja iliwateka watu. Ni kisa cha nyumba iliyovunjwa na aibu. Leela, mke wa Jaji Raghunath, ametekwa na jambazi Jagga kisha akaachiwa. Sasa ni mjamzito, na minong'ono imeenea. Usiku wa mvua mumewe anamfukuza. Mtoto anazaliwa mtaani, anakua mwizi, na anampenda Rita, binti aliyelelewa na jaji yule yule. Aliyeigiza jaji ni Prithviraj, baba mzazi wa Raj Kapoor.

Kinamama wa Unguja walikuwa na maonyesho yao peke yao. Mle ndani mama na bintiye waliweza kulilia penzi ambalo nyumbani lisingetajwa. Mume wa kuchaguliwa na wazee, dini, rangi, mali: yote yalitazamika kwa kuwa yalikuwa ya Bombay, si ya jirani. Ugeni wa filamu ulikuwa stara yao.

Stara hiyo imefika mpaka ziwani. Kwenye mialo kama Katonga, Kigoma, mbalamwezi ikikolea taa za kuvutia dagaa hazina kazi, na wavuvi hupata usiku wa kupumzika. Kibanda umiza, yaani banda la kuonyeshea video, huwa na mabenchi, joto, na filamu ya Kihindi yenye sauti ya mtafsiri wa aina ya Lufufu au DJ Mack, anayemfanya baba mkali wa India akaripie kama mzee wa Ujiji.

Poland walikwenda njia nyingine. Katika sehemu ya nne ya Dekalog, mfululizo wa filamu za televisheni, Krzysztof Kieślowski aliwafungia Anka na Michał, binti na baba, ndani ya fleti yao Warsaw. Barua ya marehemu mama inawatia shaka kama ni damu moja, na matamanio waliyoyaficha yanatoka. Hakuna baraza la ukoo. Kwetu aibu ina mashangazi, wajomba na mtaa mzima.

Ndiyo maana Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji, iliyotoka 2021 kutokana na riwaya ya Adam Shafi, ni hatua kubwa. Yasmin, msichana wa Kihindi wa Unguja, anamkimbia mume mzee aliyeozwa. Jamaa zake wanamkataa. Anayempokea ni Mwajuma wa mtaa wa Ng'ambo, aliyeigizwa kwa moyo wote na mwimbaji Siti Amina, na anayempenda ni Denge, Mwafrika mpigania uhuru. Safari hii hakuna Bombay ya kujificha nyuma yake. Filamu ilipata Tanit ya Dhahabu kwenye tamasha la filamu la Carthage. Kenya mambo yalikuwa magumu zaidi: Rafiki ya Wanuri Kahiu, ya wasichana wawili wanaopendana, ilipigwa marufuku 2018, kisha Mahakama Kuu ikairuhusu kwa siku saba tu.

Wenye vibanda vya Katonga, itafuteni Vuta N'Kuvute muwaonyeshe watu. Hiyo haihitaji mtafsiri.