Sauti za Mitambo Iliyoungua

Ukienda kutazama sinema, msomaji, macho yako huyajua yanayoyaona, bali masikio huongozwa bila ya kujijua. Mlio wa mlango na mvumo wa upepo vimepangwa na watu ambao majina yao hupita upesi juu ya kitambaa cheupe. Nitakusimulia habari za wawili kati yao, ambao hata jina la kazi yao walinyimwa.

Walikuwa mume na mke, Louis na Bebe Barron, wakazi wa New York. Walipooana mwaka 1947 walitunzwa kinasa sauti, chombo kilichokuwa adimu siku zile. Mwaka 1948 Norbert Wiener, bingwa wa hesabu, alitoa kitabu juu ya jinsi wanyama na mashine wanavyojiongoza. Louis alikisoma, akaunda mitambo midogo ya umeme kwa kufuata hesabu zake. Kila mtambo ulikuwa na tabia yake. Huu ulilia kama ndege, ule ulinguruma. Naye aliutia umeme kupita kiasi, ukapiga kelele, ukatetemeka, hata ukaungua. Ukisha kuungua, sauti ile hairudi tena. Kilichosalia ni utepe tu. Bebe alizisikiliza tepe hizo saa nyingi, akachagua kipande chenye uhai, akakikata, akakiunga, akakipiga polepole au kinyumenyume. Wako wamwitao msaidizi wa mumewe. Mimi sikubali, maana kelele isiyochaguliwa ni kelele tu.

Mwaka 1955 walimwendea Dore Schary, mkuu wa kampuni ya MGM, nao wakapewa sinema iitwayo Forbidden Planet, habari za safari ya sayari ya mbali yenye dubwana lisiloonekana. Kwanza walitakiwa sauti za dakika 20; zilipokwisha kusikiwa, wakapewa karibu sinema nzima. Ilipotolewa mwaka 1956 haikuwa na fidla wala tarumbeta. Mtazamaji hakuweza kupambanua kama asikiacho ni muziki, au upepo wa sayari, au nyayo za dubwana.

Hapo ndipo ugomvi ulipozuka. Akina Barron hawakuwa katika chama cha wanamuziki wa Marekani, na kampuni ikaogopa mashtaka. Basi badala ya neno muziki, yakaandikwa maneno yenye maana ya milio ya elektroniki, na kazi yao haikushindania tuzo ya muziki ya Oscar. Lakini usiwe mwepesi wa kukilaumu chama hicho. Sinema zilipoanza kusema, mwishoni mwa miaka ya 1920, maelfu ya wapigaji waliozipigia muziki sinema zisizosema walipoteza kazi. Walikuwa na sababu ya kuziogopa mashine.

Louis na Bebe hawakupata tena sinema kubwa kama ile. Louis alifariki mwaka 1989, Bebe mwaka 2008. Santuri ya sauti zao ilitoka mwaka 1976, miaka 20 baada ya sinema yenyewe, na mitambo iliyozitoa ilikwisha kufa zamani.