Jengo Halikuungua

Ukilitazama leo lile jengo la Asch, pale New York, ghorofa 10 zilizokamilika mwaka 1901, utadhani halijawahi kuona moto. Hilo ndilo linalonikera. Lilisifiwa kuwa haliungui, na kweli, kuta na nguzo zake za chuma zilibaki zimesimama. Waliokwisha ni watu.

Jumamosi, 25 Machi 1911, saa za kutoka kazini, moto ulizuka ghorofa ya 8 kwenye vitambaa vya kiwanda cha blauzi cha Triangle. Ghorofa ya 9 mabinti, wengi Wayahudi na Waitalia wahamiaji, wakakuta mlango mmoja umefungwa kwa ufunguo, eti wasiibe! Halafu ngazi. Mchora ramani alitakiwa aweke tatu za ndani. Akaweka mbili, na ile ya chuma ya nje ikahesabiwa kuwa ya tatu. Siku hiyo ikapinda, ikaanguka na waliokuwa juu yake. Ngazi za zimamoto nazo zilikomea ghorofa ya 6. Walikufa 146, wengine kwa kujirusha madirishani.

Wenye kiwanda walishtakiwa, Desemba wakaachiwa. Jengo likakarabatiwa, na mwaka 1929 likapewa Chuo Kikuu cha New York. Wanafunzi wanasomea humo mpaka leo. Kumbukumbu yenye majina ya marehemu wote iliwekwa ukutani mwaka 2023.